Wanaotuuzia Tiketi za Kurudi Jana

Wiki hii nimetumiwa vidio moja mara kumi na moja, na kila mtu aniuliza lile lile: "Bro, hii ni kweli?" Mwaijua. Muziki wa kutisha, picha ya saa inayoyeyuka, halafu sauti nzito ya kompyuta yasema ati sayansi imethibitisha kwamba wakati haupo. Ati kila uamuzi uliowahi kufanya umezaa ulimwengu mwingine, na akili yako ina uwezo wa kuhamia ule ulimwengu ambao ulipita mtihani, ukapata kazi, na yule msichana hakukuacha. Chini kuna namba ya simu. Darasa la siku saba, shilingi 1,500, bei ya ofa mpaka usiku wa leo. Na "ofa ya usiku wa leo" nimeiona sasa ni mwezi wa pili, sijui usiku gani huo usiokucha.

Jibu langu fupi ni hapana, si kweli. Jibu refu ndilo hili, na naliandika kwa sababu nimechoka kulijibu inboksi moja moja.

Kwanza tuheshimiane: wanaolipa si wajinga. Ni watu walioumia. Namjua dogo mmoja wa hapa hapa Tononoka, jina silitaji, matokeo ya fomu foo yalitoka mabaya kuliko alivyotarajia na nyumbani wakaacha kumsemesha kwa wiki nzima. Alikuwa akiweka weka pesa za kurudia mtihani. Zile pesa zimeenda kwa darasa la siku saba, mara mbili, kwa sababu mara ya kwanza aliambiwa "hakuamini vya kutosha". Kila usiku alala na spika sikioni akisubiri kuamka katika dunia ambayo ana B. Asubuhi aamka Tononoka, kuku wa jirani walia, na cheti ni kile kile. Halafu ajilaumu yeye, si aliyemuuzia. Hapo ndipo hasira yangu iko.

Basi tuanze na hizo dunia nyingi, maana ndiyo chambo chao kikubwa. Kuna mtu kweli nyuma ya wazo hilo. Anaitwa Hugh Everett, Mmarekani. Mwaka 1957, kwenye kazi yake ya udaktari Chuo Kikuu cha Princeton, alisema hesabu za fizikia ya kwanta zaweza kusomwa kana kwamba kila jambo linaloweza kutokea hutokea, kila moja kwenye tawi lake. Ni wazo zito, na wanafizikia wabishana juu yake mpaka leo. Lakini sikizeni kile ambacho wauzaji wanakikata kwenye vidio zao: kwa hesabu hizo hizo, matawi yakishaachana hayaonani tena. Hakuna daraja, hakuna feri kama ya Likoni ya kukuvusha ng'ambo. Hata kama Everett alikuwa sahihi kabisa, wewe wa B na wewe wa D hamtawahi kukutana hata kwa salamu. Yaani nadharia wanayoitumia kuuza safari ndiyo inayosema safari hakuna. Ni kama mtu akuuzie tiketi ya SGR ya kwenda Zanzibar, halafu akuonyeshe ramani ya reli kuwa ndio ushahidi.

Vidio nyingine ni ile ya handaki la angani, njia ya mkato ya kutoka sehemu moja ya ulimwengu hadi nyingine, au kutoka mwaka huu hadi mwaka ule. Hapa huwa wasema "Einstein alithibitisha". Hakuthibitisha. Mwaka 1935 Einstein na mwenzake Nathan Rosen walionyesha kwamba ndani ya hesabu zake kuna umbo kama daraja. Umbo la kwenye karatasi. Baadaye, mwaka 1962, wengine wawili, Robert Fuller na John Wheeler, wakapiga hesabu wakaona daraja la aina hiyo lajifunga haraka kiasi kwamba hata mwanga hauwahi kupita. Mwanga, wanangu, unaokwenda kilomita laki tatu kwa sekunde moja. Wewe na spika yako ya sikioni utapitia wapi?

Lakini hadithi haiishii hapo, na kipande kinachofuata mie nakipenda sana. Miaka ya themanini Carl Sagan, mwanaastronomia wa Marekani, alikuwa aandika riwaya yake Contact, ile iliyotoka 1985. Alitaka mhusika wake, mwanasayansi wa kike, asafiri mbali mno kwa muda mfupi. Akamuomba rafiki yake Kip Thorne, mwanafizikia, amwangalizie kama sayansi imekaa sawa. Thorne akamwambia shimo jeusi litamuua huyo mama wa watu, afadhali utumie handaki. Hakuishia kwenye ushauri. Alikaa chini na mwanafunzi wake Michael Morris wakajiuliza: je, handaki la mtu kupita salama lingehitaji nini? Mwaka 1988 wakachapisha jibu. Lahitaji kitu chenye nishati hasi, kingi mno, kitu ambacho hakuna mtu aliyewahi kukikusanya kwa kiasi hicho popote. Mwaka huo huo, na mwenzao Ulvi Yurtsever, wakaonyesha kwamba handaki kama hilo, lau lingekuwepo, lingeweza kugeuzwa mashine ya wakati. Ila lina sharti lake: huwezi kurudi nyuma kupita siku ile mashine ilipoanza kuwa mashine. Ikiwashwa leo, jana imekwisha kupita na haifikiki.

Waona tofauti? Hiyo pia ni nadharia ya kubuni. Imezaliwa na riwaya, na wenyewe hawakuficha. Walisema: tumebuni, hivi ndivyo vinavyokosekana, hapa ndipo tunapokwama. Mie sina vita na kubuni. Nataka watoto wa Mvita waandike hadithi za majahazi yanayopita katikati ya nyota, na nitakuwa wa kwanza kuzisambaza. Vita vyangu ni na mtu anayechukua hadithi, akaifuta neno "hadithi", akabandika neno "sayansi", kisha akabandika namba ya kutumia pesa.

Kuna ujanja mwingine wanaoutumia: ati wakati ni makubaliano ya watu tu, kwa hivyo ukikataa makubaliano umekuwa huru. Huyu ambaye hajawahi kuishi kwa saa mbili mbili mwaweza kumdanganya. Sisi je? Sisi ndio watu ambao simu yasema saa moja na sisi twasema saa saba, na hakuna aliyechanganyikiwa isipokuwa mgeni. Sisi ndio ambao usiku wa Ijumaa kwetu huingia Alhamisi jua likizama. Twajua vizuri kabisa kwamba namba za saa ni makubaliano. Na twajua pia kwamba tukibadilisha namba, jua halina habari. Adhana ya magharibi haikungoji ukubali. Kubadilisha hesabu ya wakati si kubadilisha wakati, na hili hata bibi yangu ambaye hakusoma fizikia angemwelezea huyo jamaa wa vidio.

Na tafadhali, msiitie dini humu. Nimeona wengine, wa hapa hapa pwani, wakichukua kisa cha Watu wa Pangoni waliolala miaka mia tatu na tisa, wakasema "hiyo ndiyo handaki ya Einstein". Acheni. Anayeamini, kwake ule ni muujiza, na muujiza hauhitaji kibali cha Einstein. Anayefanya sayansi, kwake kipimo ndicho kibali. Ukichanganya viwili hivyo ili uuze darasa, umeivunjia heshima dini na umeidanganya sayansi kwa mpigo mmoja, na bado umechukua 1,500 ya mtoto wa watu.

Haya, sasa mtaniuliza: kwa hivyo kusafiri kwenye wakati ni uongo mtupu? Si mtupu. Kwenda mbele, kidogo kidogo, kupo, na kumepimwa. Mwaka 1971 Joseph Hafele na Richard Keating walipanda ndege za abiria za kawaida na saa za atomiki, wakaizunguka dunia, wakarudi wakazilinganisha na saa zilizobaki ardhini. Hazikulingana, na tofauti ilikuwa ile ambayo Einstein angeitarajia: sehemu ndogo sana za sekunde, lakini ipo. Mwanaanga wa Urusi Sergei Krikalev alikaa angani jumla ya siku 803, na kwa sababu ya mwendo alirudi akiwa amezeeka pungufu yetu kwa kama sehemu moja ya hamsini ya sekunde. Huyo ndiye msafiri wa wakati wa kweli. Sehemu ya hamsini ya sekunde, kwa siku 803 za kazi ngumu. Linganisha na siku saba za jamaa wetu.

Na wewe mwenyewe waitumia sayansi hiyo kila ukiita tuktuk kwa simu. Setilaiti zinazokuambia ulipo ziko juu kilomita kama elfu ishirini, na saa zilizomo ndani yake hukimbia zaidi ya saa za hapa chini kwa sehemu 38 za milioni ya sekunde kila siku. Wahandisi huzirekebisha. Wasingezirekebisha, ramani ingekuwa yapotea kwa kama kilomita kumi kila siku. Ungesimama Tononoka kesho, dereva akakutafuta Bamburi.

Sasa nije kwenye lile lililonifanya nishike simu kuandika. Katika zile vidio, shimo jeusi halikosi. Ati "NASA wanalificha". Wanangu, shimo jeusi la kwanza ambalo binadamu alikuja kulikubali, habari zake muhimu zilikusanywa na chombo kilichorushwa kutoka bahari hii yetu. Mombasa mpaka Malindi ni kama kilomita 120. Ukizidi kaskazini kidogo wafika Ngomeni. Pale baharini kuna majukwaa ya chuma yaliyosimama kwa miguu yake, San Marco na Santa Rita, yaliyowekwa na Waitaliano chini ya Luigi Broglio miaka ya sitini. Kwa nini wakaja kwetu? Kwa sababu tuko karibu na ikweta, ambapo dunia yenyewe huzunguka kwa kasi ya kama kilomita 1,670 kwa saa kuelekea mashariki. Roketi ikirushwa upande huo hupewa msukumo wa bure, na mbele yake kuna Bahari Hindi tupu, hakuna paa la mtu la kuangukia.

Tarehe 12 Desemba 1970, siku Kenya ikitimiza miaka saba ya uhuru, kikosi cha Waitaliano kikarusha kutoka San Marco setilaiti ya Marekani. Aliyesimamia mradi huo NASA alikuwa mhandisi mwanamke, Marjorie Townsend, na kwa heshima ya siku ile chombo kikapewa jina la Uhuru. Si kwa Kiingereza, si kwa Kilatini. Uhuru. Ilikuwa setilaiti ya kwanza duniani kufanya kazi moja tu ya kupekua anga kwa eksirei, ile ile ya hospitali, maana eksirei za angani huzuiwa na hewa na hazifiki chini. Kabla yake watu walikuwa wameona vyanzo vichache tu, kwa roketi ndogo zilizopanda na kuanguka baada ya dakika chache. Uhuru ilifanya kazi mpaka 1973 na orodha yake ya mwisho ina vyanzo 339.

Kimoja kati ya hivyo ni Cygnus X-1. Uhuru ilikiona kikimetameta, nguvu yake ikipanda na kushuka ndani ya muda usiofika sekunde moja. Hebu fikiria maana yake. Kitu hakiwezi kuwaka na kufifia chote kwa pamoja haraka kuliko mwanga unavyoweza kukivuka, kwa hivyo kitu kile lazima kiwe kidogo mno kwa vipimo vya anga. Baadaye wataalamu wa darubini za kawaida wakaiona nyota kubwa iliyo jirani yake ikivutwa huku na huku na kitu kisichoonekana, kizito kuliko jua letu mara nyingi. Kidogo, kizito, hakionekani. Stephen Hawking mwenyewe aliwekeana dau na Kip Thorne, yule yule wa handaki, mwaka 1974, Hawking akisema si shimo jeusi. Mwaka 1990 akakubali kwamba ameshindwa. Riccardo Giacconi, aliyeongoza kazi ya kisayansi ya Uhuru, akapewa Nobel mwaka 2002.

Mwanga tunaouona kutoka kule ulianza safari kama miaka elfu saba iliyopita. Mtu akitaka kuiona jana, hiyo hapo, na hailipishwi.

Mie nimesoma kisiwani hapa tangu darasa la kwanza. Fizikia nimeifanya mpaka fomu foo, nikaipeleka mpaka chuo kabla karo haijanikwamisha mwaka wa pili. Katika miaka yote ile sikumsikia mwalimu hata mmoja akitaja jina la setilaiti ya Uhuru. Nilikuja kuisoma mwenyewe usiku kwa simu, bando la shilingi ishirini. Halafu twashangaa kwa nini kijana akisikia "shimo jeusi" kwa mara ya kwanza alisikia kutoka kwa tapeli. Penye pengo mtu atajaza, na tapeli hachelewi.

Najua mtakayoniambia kwenye maoni. "Wewe mwenyewe uliacha chuo, watufunza nini?" Ni kweli niliacha. Hesabu za Thorne hazikuacha chuo. Kila nilichoandika hapa chaweza kukaguliwa na mtu yeyote mwenye simu, na nawasihi mkague, mkianzia na tarehe. Yule wa vidio mwombeni akaguliwe muone atawabloku kwa sekunde ngapi. Wengine watasema "si ni burudani tu, yakuuma nini?" Burudani ni filamu. Burudani haina namba ya kutumia pesa na haimwambii mtoto kwamba hakufaulu kwa sababu hakuamini.

Na nyinyi wasomi mnaocheka pembeni, mnaosema "vijana wa mitandao bwana", nanyi mna lenu. Mmekaa na habari za Ngomeni kabatini miaka hamsini na kitu mkiandikiana nyinyi kwa nyinyi. Elezeni watu, kwa Kiswahili, barazani, la sivyo mwachie mtu mwingine aeleze bila kumcheka.

Mwataka siri iliyofichwa? Nawapa ya bure. Tarehe 15 Aprili 2023 Kenya ilipeleka angani setilaiti yake Taifa-1. Ilirushwa kutoka Vandenberg, California, kwa roketi ya SpaceX. Majukwaa ya Ngomeni hayajarusha kitu tangu 1988, ingawa kituo cha nchi kavu bado chafanya kazi chini ya mkataba wa Kenya na Italia. Kile kilichomleta Broglio kwetu, ikweta na bahari, bado kiko pale pale. Sasa 2027 wagombea watakuja Tononoka Graundi na spika zao na kofia za bure. Badala ya kumuuliza mtu wa TikTok mlango wa wakati uko wapi, wacha mmoja wetu ashike maiki awaulize: mkataba ule wasemaje, watoto wa pwani wangapi wafunzwa pale, na kwa nini basi la shule laenda Fort Jesus kila mwaka na haliendi Ngomeni hata mara moja.

Kwa wauzaji, nina mwaliko. Tarehe 28 Juni 2009 Hawking aliwafanyia karamu wasafiri wa wakati, na kadi za mwaliko akazitoa baada ya karamu kwisha. Hakuja mtu. Nami nawapa nafasi nyingine: njooni Tononoka, Jumamosi iliyopita, saa kumi jioni. Nilikuwa pale na sahani ya viazi karai na ukwaju wa kutosha watu sita. Nilivila na wenzangu, hatukuona mgeni.

Na wewe uliyekwisha kutuma pesa, usione haya. Fungua simu sasa hivi, tafuta ujumbe wa muamala, piga picha ya skrini pamoja na ile ahadi ya siku saba kabla hawajaifuta. Mwandikie udai pesa zako, kwa maneno machache bila matusi. Akikataa, hicho ni kisa cha kuripoti polisi, kwa sababu kuchukua pesa kwa ahadi ya uongo kuna jina lake kisheria. Na kama wewe ni yule dogo wa mtaani, wajua nyumbani kwetu. Vitabu vyangu vya fizikia bado viko, na usajili wa kurudia mtihani haujafungwa.